Roboti Zinazofanana na Binadamu: Ni Kitu Gani, Zimefikia Wapi na Zina Hukumu Gani

SUALI

Sheikh, mimi ni kijana wa Wete, Pemba. Kwa sasa nipo Ngaka, Wilaya ya Mbinga, naendesha lori la makaa ya mawe. Madereva wenzangu wanaonyeshana kwenye simu roboti zinazotembea na kusema kama watu, na magari ya mgodini yanayokwenda bila ya dereva. Nina masuali matatu. Kwanza, vitu hivi vina roho au akili ya kweli? Pili, inajuzu kuvitengeneza na kuvitumia, na sisi wenye kula kwa jasho la usukani tufanyeje? Tatu, na hili ndilo linaloninyima usingizi: mwezi uliopita niligombana na mke wangu kwa simu, nikamuandikia ujumbe kuwa nimempa talaka. Baadaye niliiuliza programu ya akili mnemba, ikanijibu kuwa ujumbe wa simu hauhesabiki. Wakwe zangu wanasema talaka imepita. Nishike la nani?

JAWABU

Shukrani zote ni za Allah, na rehma na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad (s.a.w.), jamaa zake na Masahaba zake.

Ama baad. Masuali haya matatu ni suali moja lenye milango mitatu. Anayejua roboti ni kitu gani atajua pia ya kuiachia na yasiyofaa kuachiwa. Kwa kuwa masuali ya namna hii yanatufikia kutoka nyumba nyingi za Unguja na Pemba, tumeona tulijibu kwa urefu ili familia ziwe na pa kurejea. Suali la talaka tumeliweka karibu na mwisho kwa sababu jawabu yake inajengwa juu ya yanayotangulia. Hata hivyo, muulizaji asilisubirishe: siku zake zinahesabika, kama tutakavyoeleza.

1. Roboti ni nini?

Roboti ni mashine yenye mambo matatu. Ina vitu vya kuhisia, kama kamera na vipaza sauti. Ina programu ya kompyuta inayopima kilichohisiwa na kuamua la kufanya. Na ina viungo vya kutendea, kama mkono, gurudumu, bawa au mguu unaosukumwa na mota. Si lazima ifanane na mtu. Mkono wa chuma unaounga magari kiwandani ni roboti. Ndege ndogo isiyo na rubani inayojiongoza angani nayo ni roboti.

Neno lenyewe si la zamani. Limetoka katika mchezo wa kuigiza wa mwandishi wa Kicheki, Karel Čapek, uliochapishwa mwaka 1920, na asili yake ni neno la lugha yao lenye maana ya kazi ya kulazimishwa. Kwa hiyo tangu siku ya kupewa jina, roboti ilikusudiwa kuwa mtumwa asiyechoka.

Akili mnemba, ambayo wengine huiita akili bandia au akili unde, ni jambo jengine. Hiyo ni programu inayofanya kazi ambazo tumezizoea kwa mwenye akili: kutambua sura, kufasiri lugha, kujibu masuali. Inaweza kukaa ndani ya roboti, na inaweza kukaa ndani ya simu bila ya mwili wowote. Watu wanaposema siku hizi kwamba roboti zimekuwa kama watu, huwa wanachanganya mambo mawili: mwili uliofanana na wetu na maneno yaliyofanana na yetu. Tuyatenganishe.

2. Waislamu na mashine zinazojiendesha

Baadhi ya watu hudhani kuwa jambo hili ni geni kabisa kwetu. Sivyo. Katika Baghdad ya karne ya tisa, ndugu watatu waliojulikana kwa jina la Banu Musa waliandika kitabu kuhusu vyombo vya hila: mitungi, taa na mabomba yaliyojiendesha kwa nguvu ya maji na hewa. Mwaka 1206 fundi Ismail al-Jazari, aliyekuwa akiwatumikia watawala wa Kiartuki huko Diyarbakir, alikamilisha kitabu chake mashuhuri cha mashine. Ndani yake mna saa iliyobebwa na tembo, jahazi lenye sanamu za wapiga ngoma na zumari, na chombo cha kumimina maji ya udhu ambacho alikitengeneza kwa sababu mtawala hakupenda kumiminiwa maji na mtumishi.

Tunayataja haya kwa faida mbili. Ya kwanza, ufundi wa mashine inayojiendesha si uadui na dini. Ya pili, al-Jazari aliandika wazi kila gurudumu na kila bomba. Aliyesoma kitabu chake alijua kwamba sanamu inayopiga ngoma inasukumwa na maji, wala haina furaha ya ngoma. Hayo ndiyo tunayoyahitaji leo: kufunua kifuniko na kutizama ndani.

3. Zimefikia wapi?

Roboti ya kwanza ya kiwandani, Unimate, ilianza kazi mwaka 1961 katika kiwanda cha magari nchini Marekani. Ilikuwa mkono tu. Mwaka 1997 kompyuta ya Deep Blue ilimshinda bingwa wa dunia wa sataranji, Garry Kasparov. Mwaka 2016 programu ya AlphaGo ilimshinda Lee Sedol, bingwa wa mchezo wa Go, michezo minne kwa mmoja. Mwishoni mwa Novemba 2022 ilitolewa programu ya ChatGPT, na tangu hapo mtu wa kawaida mwenye simu ameweza kuandikiana na mashine kama anavyoandikiana na ndugu yake.

Kwa upande wa mwili, mwendo umekuwa wa taratibu zaidi, lakini umekwenda. Tarehe 19 Aprili 2025, mjini Beijing, roboti zenye miguu miwili zilishiriki mbio za nusu marathoni pembeni ya wanaadamu. Iliyotangulia, Tiangong Ultra, ilimaliza kwa saa mbili na dakika arubaini na ushei, tena kwa kubadilishiwa betri njiani na huku mafundi wakikimbia nayo. Nyingi nyengine zilianguka au hazikumaliza. Mtoto wa miaka mitatu wa Micheweni anapanda ngazi ya mawe bila ya kufikiri, ilhali mashine ya mamilioni ya fedha bado inajikwaa. Mambo mazito kwetu, kama hesabu na sataranji, yamekuwa mepesi kwa mashine. Yale tunayoyaona mepesi, kama kutembea, kushika yai na kumvisha mtoto shati, yamekuwa mazito kwake.

Na katika nchi zetu? Mifano ipo:

Rwanda ilianza Oktoba 2016 kupeleka damu hospitalini kwa ndege zisizo na rubani. Mei 2020, wakati wa maradhi ya korona, roboti tano ziliingizwa katika vituo vya Kigali kupima joto la watu na kuwapelekea wagonjwa chakula na dawa ili wauguzi wasiambukizwe.

Tanzania, mwaka 2018, ilifanyika majaribio ya kupeleka dawa kutoka Mwanza hadi kisiwa cha Ukerewe, kiasi cha kilomita 60 juu ya Ziwa Viktoria, kwa ndege isiyo na rubani iliyotumia kama dakika 40.

Zanzibar yenyewe si mgeni. Kuanzia mwaka 2016 ramani ya Unguja na Pemba ilipigwa kwa ndege hizo, na wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Taifa cha Zanzibar wakashiriki. Mwaka 2019, katika mabonde ya mpunga ya Cheju, zilijaribiwa kunyunyizia utando mwembamba juu ya maji ili viluwiluwi vya mbu wa malaria visiweze kupumua.

Kongo ya mashariki kuna mgodi wa dhahabu wa Kibali. Huko mashine za kubebea mawe chini ya ardhi zinajiendesha, na mtu mmoja aliye juu, kwenye chumba chenye skrini, husimamia kadhaa kwa pamoja.

Ethiopia, mjini Addis Ababa, mafundi wa kampuni ya iCog Labs walishiriki kuandika sehemu ya programu za Sophia, roboti mashuhuri yenye uso wa mwanamke. Sophia ndiyo iliyotangazwa kupewa uraia wa Saudi Arabia Oktoba 2017 mjini Riyadh, na mwaka 2018 ililetwa Addis Ababa. Masheikh wengi waliulizwa siku zile: roboti raia ni Muislamu? Jawabu itakuja.

Hata Masjid al-Haram, Makka, zimetumika roboti za kusafishia na za kugawa maji ya Zamzam. Hazina sura ya mtu, na hakuna aliyewahi kuzidhania kuwa watu.

4. Kwa nini zinafanana nasi?

Uso wa roboti kama Sophia ni ngozi ya bandia iliyotandazwa juu ya mota ndogo ndogo. Mota moja huinua nyusi, nyengine huvuta ncha ya mdomo. Kamera iliyo kwenye jicho hutafuta uso wako na kuufuata, nawe unahisi unatizamwa. Mwaka 1970 mtaalamu wa Kijapani, Masahiro Mori, alieleza kuwa kadiri roboti inavyozidi kufanana na mtu ndivyo tunavyoipenda, mpaka ikakaribia sana. Hapo moyo hugeuka na kuogopa, kama mtu aliyeona maiti ikifumbua macho. Khofu hiyo si ujinga. Allah ameiumba nafsi iweze kutafautisha kilicho hai na kisicho hai.

Ama maneno, njia yake ni hii. Programu hulishwa maandishi mengi mno, kiasi ambacho mtu hawezi kukisoma kwa umri wake wote, nayo hujifunza ni neno gani huelekea kufuata neno gani. Ukiiuliza, inapanga jawabu neno kwa neno kwa kufuata uwezekano huo. Kisha watu hukaa na kuyapima majawabu yake, hili zuri, hili baya, mpaka iwe na adabu ya kusema. Mwezi Januari 2023 iliripotiwa kuwa wafanyakazi wa Nairobi walilipwa chini ya dola mbili kwa saa kusoma na kuchambua maandishi machafu kabisa ili programu hizi zijifunze kuyaepuka. Basi unaposikia sauti ya upole ya mashine, jua nyuma yake wapo wanaadamu, na baadhi yao wametoka kazini na vidonda vya moyo.

Kutokana na njia hiyo ndipo ilipotoka ila yake kubwa. Mashine inatafuta jawabu inayofanana na ya kweli, na kinachofanana na kweli si lazima kiwe kweli. Ndiyo maana huweza kukutajia Hadithi isiyokuwepo, pamoja na jina la kitabu na nambari, kwa lugha fasaha isiyotetereka. Na kwa kuwa maandishi ya Kiswahili iliyolishwa ni machache ukilinganisha na ya Kiingereza, makosa yake katika lugha yetu ni rahisi kuzidi.

5. Je, ina roho?

Hapana. Qur'ani imetufundisha katika Surat al-Israa, aya ya 85, kwamba roho ni katika amri ya Mola, na elimu tuliyopewa sisi ni chache. Katika Surat Swaad, aya ya 72, kupuliziwa roho Adam (a.s.) kumenasibishwa na Allah peke yake. Mtu anaweza kutengeneza mota ya mkono, lakini hana pa kuipata roho akaitia. Mtume (s.a.w.) ameeleza, katika Hadithi iliyopokewa na Bukhari na Muslim, kwamba wenye kutengeneza masanamu wataambiwa Siku ya Kiyama wavipulizie roho walivyovitengeneza, nao hawataweza.

Wapo wanaouliza: lakini inasema, inajibu, inafariji! Tuwakumbushe ndama wa Saamiriy. Katika Surat al-A'raf, aya ya 148, na Surat Twaha, aya ya 89, Bani Israil wanakemewa kwa kukiabudu kiwiliwili chenye kutoa sauti, ilhali hakiwasemeshi, hakiwaongozi njia, wala hakiwarudishii jawabu. Mtu asije akasema: basi hiki kinachorudisha jawabu kina hadhi nyengine. Hoja ya aya inakwenda upande mmoja. Kukosa kusema kunatosha kuonyesha udhaifu, lakini kupata kusema hakutoshi kuthibitisha roho, sembuse uungu. Aya ya Twaha imeendelea kutaja kuwa ndama yule hakumiliki dhara wala nafuu, na hilo linabaki kwa kila kilichotengenezwa.

Mafakihi wetu waliijadili sauti isiyokuwa na kusudio zamani sana. Waliuliza: mtu akisikia aya ya sijda kutoka kwa kasuku aliyefunzwa, asujudu? Wanavyuoni wa Kishafi wamesema hasujudu, kwa sababu kisomo cha ndege hakina nia. Kasuku anasema kweli, na maneno ni yale yale ya Qur'ani, lakini msomaji hayupo. Mashine ni mfano wa kasuku huyo, ila huyu amesoma maktaba nzima.

6. Hukumu kwa ufupi

Kutengeneza na kutumia. Asili ya vyombo ni ruhusa, na hukumu yake hufuata matumizi. Roboti isiyo na sura ya kiumbe chenye roho, kama ndege za Cheju, mashine za Kibali au mkono wa kiwandani, haina ubaya wowote. Ikiokoa roho za watu, anayeitengeneza kwa nia njema ana malipo.

Yenye sura kamili ya mtu. Hapa ipo khitilafu ya wanavyuoni wa zama hizi. Wapo wanaoikataza kwa kuiingiza katika makatazo ya masanamu yenye kivuli, ambayo jamhuri ya wanavyuoni, wakiwemo Mashafi, wameyaharimisha. Wapo wanaoiruhusu kwa haja, kama kufundishia madaktari, wakiqisi juu ya ruhusa ya wanasesere wa Bibi Aisha (r.a.). Tunaloliona ni kuwa penye haja ya kweli huangaliwa haja yenyewe, na pasipo haja sura hiyo iachwe. Roboti ya kubeba mgonjwa haihitaji kope wala midomo.

Ibada na ushahidi. Mwenye kukalifishwa ni mwenye akili aliyebaleghe. Roboti haikalifishwi, haisilimu, haikufuru, haisalishi, haitoi salamu ambayo ni wajibu kuijibu, wala haiwi shahidi wa nikaha. Uraia wa Sophia ulikuwa tangazo la wanaadamu, na haukuleta hukumu yoyote ya kisheria juu yake.

Inapodhuru. Mashine haidaiwi, anadaiwa mtu. Mtume (s.a.w.) alihukumu, katika kisa cha ngamia wa al-Baraa bin Azib aliyeharibu shamba, kwamba wenye mashamba wayalinde mchana na wenye wanyama wadhamini walichoharibu usiku. Na mafakihi wamesema aliye pamoja na mnyama, akimpanda au akimwongoza, hudhamini. Kwa qiyasi hiyo, anayeiendesha roboti, anayeimiliki na aliyeitengeneza kwa kasoro hutizamwa nani amezembea, naye hulipa. Asikubaliwe mtu kusema kuwa mashine ndiyo iliyoamua.

Matamanio. Kutafuta kwa mashine yenye umbo la mwanamke au mwanamme yale yanayotafutwa katika ndoa ni haramu, kwa yaliyomo katika Surat al-Muuminun, aya ya 5 hadi ya 7.

Wazazi. Roboti ya kumnyanyua mzee kitandani ni msaada mzuri. Lakini kushusha bawa la unyenyekevu, kama tulivyoamrishwa katika Surat al-Israa, aya ya 24, ni amri kwa mtoto mwenyewe. Haikaimishwi.

7. Riziki ya dereva wa Ngaka

Ngaka ni mgodi wa wazi. Uchimbaji wa biashara ulianza mwaka 2011, kwa ubia wa Shirika la Maendeleo la Taifa na kampuni kutoka Australia. Makaa yake huenda viwandani, na miaka ya karibuni mengi yamebebwa kwa malori kupitia Songea, Tunduru na Masasi mpaka bandari ya Mtwara, safari ya zaidi ya kilomita 600. Kwa maelezo ya muulizaji, kila lori lina mtu kwenye usukani.

Magari makubwa ya mgodini yasiyo na dereva yanatumika Australia Magharibi tangu mwaka 2008. Lakini yanakwenda ndani ya eneo la mgodi lililofungwa, penye njia zilizopimwa. Barabara ya milima ya Umatengo ni jambo jengine: ina kona, ukungu, pikipiki, mbuzi na mvua za masika. Kwa hiyo dereva wa safari ndefu asidhani ataamka kesho akute kiti chake kimekwenda. Kazi za ndani ya mgodi ndizo zinazoguswa mwanzo, na kwa kawaida hubakisha kazi chache zenye kuhitaji elimu zaidi: kutengeneza, kupima na kusimamia skrini.

Nasaha yetu ni tatu. Kijana asome umeme wa magari na kompyuta zake angali na mshahara, maana fundi huitwa hata na mwenye mashine. Mwenye mgodi ajue kuwa kubadilisha mtu kwa mashine si haramu kwa dhati yake, lakini kumtoa mtu bila ya haki zake ni dhulma, na Mtume (s.a.w.) ameamrisha mfanyakazi alipwe kabla jasho lake halijakauka. Na sote tukumbuke kwamba riziki iko kwa Allah, na kutafuta ni juu yetu. Wamatengo, wenyeji wa milima hiyo, wamelima miteremko mikali kwa vizazi kwa mashimo yao ya ngoro yanayozuia maji yasibebe udongo. Hawakungoja mlima usawazike kwanza.

8. Suali la talaka

Ndugu muulizaji, hapa sikiliza vizuri. Jawabu uliyopewa na programu si fatwa, wala haibadilishi hukumu ya ndoa yako kwa lolote.

Sababu iko wazi. Katika madhehebu ya Imamu Shafi, talaka ya kuandika ni kinaya: huhesabika ikiwa mwandishi alinuia talaka, na haihesabiki ikiwa hakunuia. Kwa hiyo aliyesema "haihesabiki" amekosea kwa kuachia neno bila ya sharti, na aliyesema "imepita" bila ya kukuuliza nia yako naye ameharakisha. Kadhi angekuuliza: uliandika maneno gani hasa? Ulinuia nini ulipokuwa ukiyaandika? Hasira yako ilifikia kiasi gani, ulikuwa ukijijua? Hii ni ya ngapi? Mkeo yumo katika hali gani? Mashine haikukuuliza hata moja. Na hata ingekuuliza, haiwezi kukutizama usoni ikajua unasema kweli, wala haitasimama mbele ya Allah kujibu kwa nini imekuhalalishia au imekuharimishia mke. Mufti huogopa, na khofu hiyo ni sehemu ya fatwa yake.

Serikali ya Dubai ilizindua mwaka 2019 huduma ya fatwa inayojibiwa na programu. Kwa masuali ya kawaida, kama nyakati za sala na yanayobatilisha udhu, chombo kilichojazwa majawabu ya wanavyuoni kinaweza kuwa mfano wa kitabu kinachojifungua chenyewe. Lakini talaka, mirathi, damu na mali za watu ni hukumu, na hukumu inataka hakimu.

Fanya hivi, na ufanye leo. Usifute ule ujumbe. Mwangalie Sheikh wa Wilaya au wa Mkoa wa BAKWATA aliye karibu nawe, Mbinga au Songea, au mpigie simu Kadhi wa Wete, na mkeo asikilizwe pia. Mpaka upate jawabu, jiepushe naye kwa tahadhari. Matumizi yake yasikatike. Ikionekana talaka imepita, na ni ya kwanza au ya pili, basi mlango wa kumrejea uko wazi muda wa eda tu, yaani tohara tatu kwa asiyekuwa na mimba, na kwa Mashafi kurejea ni kwa tamko. Mwezi umeshapita. Kila siku unayoitumia kubishana na simu inatoka katika eda hiyo.

9. Nasaha kwa nyumba zetu

Watoto wafundishwe mapema kwamba kinachosema ndani ya simu ni chombo. Wasikipe siri za nyumba, maana wanachokiandika huenda kikahifadhiwa mbali. Mwaka 1966 Joseph Weizenbaum wa Marekani alitengeneza programu nyepesi iliyoitwa Eliza, iliyokuwa ikirudisha tu maneno ya mtu kwa njia ya suali. Katibu wake mwenyewe, aliyejua kuwa ni programu, alimuomba atoke chumbani ili azungumze nayo faraghani. Ikiwa mtu mzima alivutwa na chombo dhaifu vile, mtoto je? Mtoto anayeegemea mashine usiku huwa amekosa mtu wa kumsikiliza mchana. Tuanze hapo.

Sauti za watu sasa zinaigizwa. Ukipigiwa simu na sauti ya mwanao aliye Dar es Salaam au Muscat akilia na kutaka pesa, kata, kisha umpigie wewe kwa nambari yake unayoijua. Wekeaneni na neno moja la siri la nyumbani.

Hadithi au aya yoyote iliyotoka kwenye mashine isisambazwe mpaka ihakikishwe na mwenye elimu. Kumzulia Mtume (s.a.w.) ni dhambi kubwa, na anayesambaza jambo kwa uzembe hana udhuru wa kusema simu ndiyo iliyoniambia.

Allah ametukirimu sisi Bani Adam, na ametubebesha amana ambayo mbingu, ardhi na milima viliikataa, kama ilivyo katika Surat al-Ahzab, aya ya 72. Vyuma havikubebeshwa kitu. Tukiviachia kazi ya mikono hakuna neno. Amana itabaki juu yetu.

Tunamuomba Allah amsahilishie ndugu yetu wa Ngaka jambo lake, amhifadhie nyumba yake na ampe riziki ya halali yeye na madereva wenzake.

Wallahu a'lam.